Mwanachuoni anapofika wimbo umekwisha kuimbwa: Somo kutoka Indonesia



Ndugu msomaji, katika darasa la vijana ninalosomesha msikitini kila Jumamosi, binti mmoja alibaki nyuma baada ya kipindi akaweka simu yake mbele yangu. Ndani ya simu alikuwamo binti wa Kiindonesia, kajisitiri kwa hijabu, anaimba kwa Kiarabu juu ya dini yetu kuwa ni dini ya amani. Nyuma yake vijana wanapiga kinanda, fidla na ngoma. Akaniuliza, "Ustadh, na huyu naye ni haramu?"

Nilimjibu upesi kama tunavyojibu wengi wetu. Nikamwambia, "Zima hiyo, mwanangu. Muziki ni muziki." Akazima, akaaga kwa adabu, akaondoka. Jioni ile nilipofika nyumbani nikamkuta mke wangu jikoni anauimba wimbo ule ule, neno kwa neno. Nilipomuuliza kautoa wapi, akasema ulipigwa kwenye harusi ya jirani, tena ni kaswida tu. Niliinamia sahani yangu nikala.

Jibu langu kwa yule binti halikuwa la kubuni. Wanachuoni wengi wa madhehebu manne wamekataza ala za muziki. Ibn Mas'ud (r.a.) alikuwa akiifasiri aya ya 6 ya Surat Luqman kuwa inahusu nyimbo, na ipo hadithi katika Sahihi Bukhari inayowataja watakaohalalisha ala. Kwa upande wa pili, ipo hadithi mashuhuri ya mabinti wawili walioimba nyumbani kwa Bibi Aisha (r.a.) siku ya Idi, Abubakar (r.a.) akataka kuwanyamazisha, Mtume (s.a.w.) akamzuia. Ibn Hazm wa Andalusia aliitia dosari sanadi ya hadithi ya ala, na katika zama zetu Sheikh Yusuf al-Qaradawi, aliyefariki mwaka 2022, aliruhusu kwa masharti. Sina nia ya kuumaliza hapa mjadala uliodumu zaidi ya miaka elfu. Kilichonisumbua ni kwamba jibu langu lilimfikia yule binti wakati wimbo umekwisha kuingia jikoni kwangu. Ndipo nikataka kujua nchi ulikotoka wimbo ule wamelifanyaje jambo hili, maana wao wamelianza mapema kuliko sisi.

Indonesia ndiyo nchi yenye moja ya jamii kubwa kabisa za Waislamu duniani. Sensa ya mwaka 2020 ilihesabu watu zaidi ya milioni 270, na karibu asilimia 87 ni Waislamu. Ina jumuiya za Kiislamu kubwa na kongwe, Muhammadiyah ya mwaka 1912 na Nahdlatul Ulama (NU) ya mwaka 1926, zenye maelfu ya shule na madrasa. Kwa hiyo asije mtu akasema kuwa vijana wa kule waliharibikiwa kwa kukosa maulamaa. Maulamaa walikuwepo. Swali ni walikuwa wamesimama wapi.

Muziki wa watu wa kawaida kule unaitwa dangdut. Jina limetokana na mlio wa ngoma yake ya mikono: dang, kisha dut. Ni mchanganyiko wa muziki wa Kimalay, filamu za Kihindi na mahadhi ya Kiarabu. Msomaji aliyekulia kwenye taarabu ya mwambao hahitaji maelezo marefu, kwani nasi tumechota kwenye visima hivyo hivyo vya Misri na Bombay. Kwa muda mrefu wasomi wa Jakarta waliudharau kuwa ni muziki wa makuli na wauza genge.

Aliyeubadilisha ni Rhoma Irama, aliyezaliwa Tasikmalaya, Jawa ya Magharibi, mwaka 1946. Aliingiza gitaa la umeme la vijana wa Ulaya, na mwaka 1973 akatangaza kuwa kundi lake, Soneta, litakuwa sauti ya Uislamu. Wanamuziki wake aliwakataza pombe na zinaa. Baada ya kuhiji mwaka 1975 hata jina lake lilibeba Uhaji: Raden Haji Oma, likafupishwa kuwa Rhoma. Akaimba juu ya kamari, ulevi, haki ya mama, matajiri na masikini. Akacheza filamu ambazo ndani yake shujaa ni mwanamuziki anayeswali. Watu walijaa viwanjani kwa maelfu, wakicheza na kusikiliza mawaidha kwa wakati mmoja.

Tumpe haki yake: aliilipia kauli yake. Katika uchaguzi wa mwaka 1977 na wa 1982 alikipigia kampeni chama cha Waislamu, PPP, dhidi ya Golkar ya Rais Soeharto. Televisheni ya serikali, TVRI, ambayo zama hizo ndiyo ilikuwa televisheni pekee, ikamfungia mlango kwa takriban miaka 11. Kanda zake ziliendelea kuuzwa masokoni. Ilipofika uchaguzi wa 1997, yule yule alionekana jukwaani upande wa Golkar, na waliompenda wengi wakavunjika moyo. Hilo nalipita, kwa kuwa wanasiasa wetu nao wanatupa mifano ya kutosha.

Ningependa tukae zaidi kwenye kundi jingine ambalo huku kwetu halitajwi sana. Mwaka 1975, mjini Semarang, Jawa ya Kati, lilianzishwa kundi la kaswida la wanawake watupu, Nasida Ria. Wasichana hao walikuwa wanafunzi wa kusoma Qur'an, na mlezi wao alikuwa mwalimu wao, Hajjat Mudrikah Zain. Walianza na dufu, baadaye wakaongeza gitaa, fidla na kinanda. Waliimba juu ya amani, vita, uharibifu wa mazingira, na hata juu ya mwaka 2000 na mashine zitakazochukua kazi za watu, wakati mwaka huo ukiwa bado mbali. Ni nani aliyewaandikia maneno hayo? Nyimbo zao nyingi ziliandikwa na K.H. Ahmad Buchori Masruri, mwanachuoni aliyepata kuwa kiongozi wa NU katika Jawa ya Kati. Yaani sheikh mwenyewe alishika kalamu.

Najua yupo msomaji ambaye tayari ameshauliza kuhusu sauti ya mwanamke mbele ya wanaume. Ni swali halali na lina mlango wake katika fiqhi, na maulamaa wa Semarang walikuwa na jibu lao ambalo si lazima liwe jibu letu. Ninachotaka tukione ni mpangilio wa kazi. Mwenye elimu alikaa na waimbaji kabla ya wimbo kutoka. Akapima neno, akaondoa lisilofaa, ndipo kanda ikaenda sokoni. Kundi hilo limeishi kizazi baada ya kizazi, na mwaka 2022 lilialikwa Kassel, Ujerumani, kwenye maonyesho makubwa ya sanaa ya dunia. Sijasikia kuwa limewahi kuhitaji kutolewa fatwa ya dharura.

Mambo yaligeuka pale mlango wa kanda ulipovunjika. Zama za kaseti, wimbo ulipita studio, kwa mchapishaji, kwa msambazaji. Zilikuwepo njia za kuuzuia au kuurekebisha. Ikaja VCD. Mwaka 2003 nchi nzima ikamjua binti wa Pasuruan, Jawa ya Mashariki, anayejiita Inul Daratista. Alikuwa mwimbaji wa harusi na shughuli za vijijini, mwenye mtindo wa kuzungusha kiuno uliopewa jina la kutoboa kwa keekee. Hakuna kampuni iliyomtafuta mwanzoni. Watu walimrekodi kwenye shughuli, VCD zikanakiliwa mitaani, na televisheni zikamfuata baadaye baada ya kuona zinapitwa na wachuuzi wa barabarani.

Rhoma Irama alighadhibika. Alimlaani hadharani, na kupitia chama cha wanamuziki wa dangdut alichokiongoza, akamkataza kuimba nyimbo zake na za wenzake. Sauti za maulamaa nazo zikapaa. Upande wa pili akasimama mtu asiyetarajiwa, Abdurrahman Wahid, maarufu Gus Dur, rais mstaafu na kiongozi wa zamani wa NU, akamtetea kuwa ana haki yake. Magazeti yakapata biashara ya mwaka mzima. Kila alipolaaniwa, VCD zikauzwa zaidi.

Juu ya uchi na kiuno mimi nipo upande wa Rhoma, wala sina haja ya kuzunguka. Lakini nasoma kisa kile kwa huzuni. Umati uliomshangilia Inul ulikuwa ule ule uliojifunza kucheza kwa Rhoma. Miaka 30 aliwaita uwanjani kwa ngoma ili wasikie mawaidha. Waliobaki na ngoma tu walikuwa wengi kuliko alivyodhani. Na yule binti, kabla ya kuwa "fitna ya taifa", alikuwa mtoto wa Kiislamu, jina lake la nyumbani Ainur, kijijini kwao, akiimba ili ale. Misikiti ya Jawa si michache. Je, kuna aliyemwendea wakati ule anaimba kwenye harusi za jirani, au sote tulingoja mpaka awe kwenye televisheni?

Mjadala ule ulichangia kuzaliwa kwa sheria ya kupiga vita ponografia, iliyopitishwa Oktoba 2008 baada ya mabishano makali, Bali wakiipinga hadi mwisho. Miaka miwili haikupita, sheria ikapata mtihani wake. Mwezi Juni 2010, video za faragha za Ariel, mwimbaji wa kundi la Peterpan la Bandung, zilivuja na kusambaa kwenye intaneti na simu za watu. Januari 2011 alihukumiwa kifungo cha miaka mitatu na nusu.

Zinaa ni zinaa, na mwenye kuitenda atajibu kwa Mola wake. Ila naomba tuitazame nusu ya pili ya jinai ile. Kijana mmoja aliyehusika na kuzisambaza naye alifungwa. Na wale wengine waliozipokea na kuzituma? Kuna walioandamana kudai Ariel aadhibiwe, na katika umati kama ule ni mwenye ujasiri tu atakayeapa kuwa hakuna simu iliyobeba video ile. Surat Hujurat aya ya 12 imekataza kupelelezana na kusengenyana, na Surat Nuur aya ya 19 imewatishia adhabu wanaopenda uchafu uenee kwa walioamini. Aya hizi mbili hazimzungumzii mwanamuziki. Zinamzungumzia mwenye kubonyeza kitufe cha kutuma, ambaye mara nyingi ni mimi na wewe. Na kama msomaji anadhani ni mambo ya Bandung, afungue kundi la WhatsApp la ukoo wake.

Ariel alitoka gerezani mwaka 2012, kundi likabadili jina na kujiita Noah, ambalo kwa bahati au kwa makusudi ni jina la Nabii Nuhu (a.s.). Kutoka kundi hilo hilo kukatokea jambo jingine. Mpiga ngoma wao, Reza, aliacha muziki mwanzoni mwa 2015 ili ashughulike na dini. Mpiga gitaa, Uki, akafuata mwaka 2019, na baadaye akasema bila kificho kuwa anauona muziki kuwa ni mlango wa maasi. Kabla yao, mwaka 2006, Sakti wa kundi la Sheila on 7 la Yogyakarta aliacha gitaa akaifuata njia ya tabligh. Wenyewe huita hatua hiyo hijra, na imekuwa vuguvugu kubwa la vijana wa mijini.

Ninawaheshimu sana. Kuacha chumo kubwa kwa ajili ya Allah si mchezo, na wengi tunaowasomesha wenzetu zuhudi hatujawahi kuachishwa hata posho. Hata hivyo, kauli ya Uki ilipotoka, wanamuziki wenzake Waislamu walijibu, wafuasi wa kila upande wakatukanana kwa siku nyingi kwenye mitandao, wakitumia aya kama mawe. Ilikuwa burudani kamili. Waliotoka jukwaani walijikuta kwenye jukwaa kubwa zaidi, na baadhi ya wahubiri wa vuguvugu hilo nao wanapimwa kwa idadi ya wafuasi kama wanavyopimwa waimbaji. Baraza la Maulamaa la Indonesia (MUI) lilikuwa limeliona hilo. Mwaka 2017, katika mwezi wa Ramadhani, lilitoa fatwa namba 24 juu ya mitandao ya kijamii. Ikaharamisha kusengenya, kuzua, kufitinisha na kueneza habari za uongo, na ikawagusa hata wanaolipwa kupika maneno ya kuchafua wengine. Ni fatwa nzuri, ningependa isomwe kwenye madarasa yetu. Ila ilikuta watu wamekwisha kuzoea.

Sasa nirudi kwa binti wa kwenye simu. Kundi lake linaitwa Sabyan Gambus, lilianza mwaka 2015 kwa kupiga kwenye harusi, na mwimbaji ni Nissa Sabyan. Mwaka 2018 nyimbo zao zilitazamwa mara mamia ya mamilioni kwenye YouTube. Ule wa Deen Assalam hata haukuwa wao. Ni wa Kiarabu, ulioimbwa kabla yao na Sulaiman al-Mughni. Neno gambus lenyewe lina udugu na sisi. Ni ala ya nyuzi ya Yemen, qanbus, waliyosafiri nayo Waarabu wa Hadhramaut. Jawa ikawa gambus, Zanzibar ikaitwa gambusi, Ngazija wakasema gabusi. Na haikusafiri ala peke yake. Maulidi ya Habib Ali al-Habshi wa Seiyun, Simtu Durar, yanasomwa kwa dufu katika msikiti wa Riyadha pale Lamu, na yanasomwa katika msikiti wa Riyadh mjini Solo, Jawa, ambako mtoto wake Habib Alwi alihamia. Bahari ni ile ile, na maneno ya kumsifu Mtume (s.a.w.) ni yale yale. Tofauti ni kwamba Maulidi yale yaliandikwa na mwanachuoni, yakapokelewa kwa mwanachuoni.

Linganisha na yaliyotokea mwaka 2020. Watu wakiwa wamefungiwa majumbani kwa sababu ya Korona, wimbo mmoja juu ya Bibi Aisha (r.a.), uliotungwa na kundi la Malaysia miaka michache nyuma, ulilipuka Indonesia. Kila mwenye gitaa na simu akauimba upya. Unasifu uzuri wa sura yake na mapenzi yake na Mtume (s.a.w.), na baadhi ya visa vimo kweli katika hadithi, kama kushindana mbio. Maulamaa kadhaa wakasema: Jamani, huyu ni Mama wa Waumini, mnamwimba kama mchumba wa kwenye filamu! Bibi huyu ndiye aliyepokea hadithi zaidi ya elfu mbili, sahaba wakubwa walimwendea kuuliza faradhi. Hilo mbona halimo? Baadhi ya waimbaji walikubali, wakarekebisha maneno. Lakini watoto walikuwa wameshahifadhi yale ya kwanza. Kukosekana kwa mtu mmoja mwenye elimu mezani, siku wimbo ulipoandikwa, hakukulipika kwa mawaidha mia baada yake.

Jumamosi iliyofuata nilimwita yule binti na wenzake. Nikawaeleza kauli zote mbili za wanachuoni juu ya ala, na nikawaambia ninayoifuata mimi ni ile ngumu, ya dufu tu. Nikamwomba radhi kwa kumjibu bila kumfundisha. Akacheka akasema, "Ustadh, mimi nilitaka tu kujua maana ya yale maneno ya Kiarabu." Kumbe!

Madrasa yetu inajiandaa na Maulidi. Nimewaambia vijana wasinakili kaswida ya kwenye simu, waandike yao, na waniletee kabla hawajaitia sauti. Ya kwanza imekuja wiki hii, ina beti saba. Ubeti wa tatu una kosa la itikadi, walimwomba Mtume (s.a.w.) jambo ambalo huombwa Allah (S.W.) peke yake. Ubeti wa tano vina havikukaa. Tulikaa juu yake kuanzia Adhuhuri mpaka muadhini alipotuinua kwa Alasiri, na ubeti wa tano bado.